Kraki haijatoka, nisubiri? Jibu kwa kijana wa Nkuhungu anayefungua kibanda cha gemu

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Mimi ni kijana wa miaka 26, naishi Nkuhungu hapa Dodoma. Nimejichanga nikapata kompyuta nne za mezani zilizotumika, nataka kufungua kibanda cha gemu, nusu saa kwa shilingi 500. Kuna jamaa mjini huwa anatuwekea gemu kutoka kwenye eksteno yake, ile diski ya kubebeka. Nyingine anakuwa nazo siku ileile zinapotoka, lakini nyingine, hasa za mpira za msimu mpya, kila nikimuuliza ananiambia "bado haijakrakiwa, subiri". Ipo moja nasubiri mwaka wa pili sasa. Naomba unieleze kwa nini nyingine zinavunjwa haraka na nyingine haziguswi, na kama kuna maana ya kusubiri. Pili, nikifungua biashara kwa gemu za kraki, yaani zilizovunjwa kufuli zichezwe bila kulipiwa, kuna hatari gani? Vijana wenzangu wanasema ni woga tu, Bongo hakuna anayekamatwa kwa sababu ya gemu. Halafu antivirasi inazipigia kelele, jamaa anasema niizime tu. Jina kapuni, Nkuhungu, Dodoma.

JIBU: Marahaba, mdogo wangu. Umeuliza mambo kadhaa kwa mpigo, na lile ulilolitupia mkiani, la kuzima antivirasi, ndilo lililonifanya nikutangulize mbele ya wengine waliokuwa kwenye foleni. Nitalifikia. Kwanza huyo jamaa yako wa eksteno: anaposema subiri hakudanganyi. Ila naye hajui anachokisubiri.

Gemu anazokuwekea siku ileile, nyingi hazikuwa na kufuli la maana tangu mwanzo. Gemu ya kawaida inayouzwa Steam, duka kubwa la gemu la mtandaoni, huwa na ukaguzi mwepesi wa Steam wenyewe ambao wavunjaji waliuzoea miaka mingi iliyopita, na nyingine hazina hata huo. Kampuni ya CD Projekt ya Poland ilipotoa Cyberpunk 2077 mwezi Desemba 2020, iliiuza bila kufuli kwenye duka lake la GOG. Larian wa Ubelgiji wakafanya vivyo hivyo na Baldur's Gate 3 mwezi Agosti 2023. Mtu alikuwa ananunua nakala moja, anaigawa kwa nani amtakaye, na bado gemu zote mbili ziliuza mamilioni ya nakala. Kwa hiyo jamaa yako akikuletea gemu ya namna hiyo usiku wa kwanza, usimsifie fundi yeyote wa kuvunja. Mlango ulikuwa wazi.

Zinazomtoa jasho ni zile zilizofungwa kwa Denuvo. Hii ni kampuni iliyoanzia Salzburg, Austria, ikiendeshwa na watu waliotoka kwenye kitengo cha Sony kilichotengeneza SecuROM, kufuli la zama za CD na DVD. Gemu ya kwanza kutoka na Denuvo ilikuwa FIFA 15, Septemba 2014. Unaona, ni mpira ndio uliofungua dimba, na si bahati mbaya kwamba ni mpira unaokusumbua mpaka leo. Januari 2018 Denuvo ilinunuliwa na Irdeto, kampuni ya kundi moja na MultiChoice, wenye DStv. Watu walewale wanaohakikisha king'amuzi cha sebuleni kinakata picha kifurushi kikiisha ndio waliochukua jukumu la kufunga gemu yako. Uzoefu wa kupambana na ujanja wa mtaani wanao.

Sasa tuone kufuli lenyewe, maana ukilielewa utaacha kumpigia jamaa simu kila Ijumaa.

Zamani kufuli la gemu lilikaa mlangoni. Programu ikianza inauliza: CD ipo? Namba ya siri ni sahihi? Mvunjaji alikuwa anaitafuta ile sehemu moja inayouliza, anaigeuza ijibu "ndiyo" siku zote, na kazi imekwisha. Denuvo hawakuongeza ukubwa wa kufuli, walilikoroga ndani ya gemu kama chumvi iliyokwisha kuyeyuka mchuzini. Mnunuzi anapofungua gemu mara ya kwanza, alama za mashine yake, yaani aina ya prosesa na mambo mengine ya ndani, zinatumwa kwenye seva pamoja na uthibitisho kwamba akaunti yake imelipia. Seva inarudisha faili dogo, tuliite kibali, lililotengenezwa kwa ajili ya mashine ile peke yake. Mpaka hapo si ajabu sana.

Ajabu iko ndani. Baadhi ya vipande vya gemu vimeandikwa upya kwa lugha ya prosesa ya kubuni, prosesa ambayo hutaikuta duka lolote, na ndani ya gemu kumewekwa mkalimani wa lugha hiyo. Mkalimani huyo hufanya hesabu zake kwa kuchota namba kutoka kwenye kile kibali. Kibali kikiwa cha mashine nyingine, au kikiwa cha kughushi, namba zinatoka kombo. Gemu haikwambii "umeiba". Inaendelea kidogo, halafu inazima yenyewe, pengine mbali kabisa na mahali kosa lilipoanzia. Mvunjaji hana tena swali moja la kugeuza. Ana sehemu tele zilizotawanyika ndani ya faili kubwa, na akizipata zote, gemu itakayofuata imekorogwa kivingine. Wenye uwezo wa kazi hiyo duniani ni wa kuhesabu kwa vidole, na hakuna anayewalipa mshahara.

Historia yao inapanda na kushuka. Dragon Age: Inquisition ya Novemba 2014 ilivunjwa na kundi la 3DM la China baada ya takribani mwezi mmoja, watu wakasema Denuvo ni kelele tupu. Ilipofika Januari 2016, kiongozi wa kundi hilohilo, akiwa amekwama kwenye Just Cause 3, aliandika kwamba mambo yakiendelea vile, baada ya miaka miwili huenda pasiwe na gemu ya bure ya kuchezwa. Agosti mwaka huohuo kundi jingine, CPY, likaivunja Rise of the Tomb Raider iliyokuwa imekaa zaidi ya miezi sita. Januari 2017 Resident Evil 7 ilidumu siku tano tu. Julai 2018 polisi wa Bulgaria wakamkamata kijana aliyejulikana kwa jina la Voksi, aliyekuwa maarufu kwa kuzifungua gemu hizi. Februari 2023 Hogwarts Legacy ilivunjwa ndani ya wiki mbili na mtu mmoja anayejiita Empress, na alipopungua kuonekana, gemu nyingi zilizofuata zikakaa muda mrefu bila kuguswa. Mtu mmoja akichoka, mji mzima wa Dodoma unasubiri. Ndiyo hali halisi ya hiyo biashara unayotaka kuijengea kibanda.

Na hapa ndipo ninapotaka unisikilize vizuri. Wewe unadhani kufuli hili limetengenezwa lisivunjwe. Hapana. Limetengenezwa lichelewe kuvunjwa. Mwaka 2024 mtafiti wa Chuo Kikuu cha North Carolina, Marekani, William Volckmann, alichapisha uchunguzi wake juu ya gemu 86 zilizokuwa na Denuvo kati ya 2014 na 2022. Alikuta kwamba gemu ikivunjwa mapema kabisa baada ya kutoka, mapato yake hupungua kwa wastani wa asilimia 20 hivi. Kadiri siku zinavyokwenda pengo hilo linapungua, na ikivunjwa baada ya wiki ya 12 halionekani tena. Wanaonunua wote wamekwisha kununua. Kampuni za gemu zenyewe zinalijua hilo, ndiyo maana nyingi zinaliondoa kufuli kwa hiari baadaye, maana Denuvo ni huduma ya kulipiwa. Doom ilitoka Mei 2016, na Desemba mwaka huohuo Denuvo ilikuwa imeshatolewa.

Kwa hiyo kusubiri kwako hakumkomoi mtu yeyote. Kulishapigiwa hesabu tangu Salzburg. Mtu ambaye asingenunua kamwe hawamhesabu kama hasara. Wanamlenga yule anayeweza kulipa lakini akiikuta ya bure wiki ya kwanza atachukua ya bure. Mambo yao ni na huyo. Wewe umekaa pembeni ya ugomvi.

Gemu za mpira zina jambo la ziada. Kinachozifanya zitamaniwe kila mwaka ni vikosi vipya na mechi za mtandaoni, na hivyo viko kwenye seva za mwenye gemu. Hata ikivunjwa kesho, utapata mechi za nyumbani tu, kikosi kilekile cha siku ilipotoka, bila uhamisho wa Januari. Tena tangu FIFA 23, EA, watengenezaji wa gemu hizo, wameongeza mlinzi mwingine wa kuzuia wadanganyifu, anayekaa ndani kabisa ya Windows. Kusubiri kraki ya mpira ni kusubiri nusu ya gemu. Na niseme jingine ambalo jamaa yako hawezi kukwambia: kompyuta za mezani zilizotumika ninazoziona zikiuzwa mjini, nyingi hazina hata kadi ya picha ya kuziendesha hizo za msimu huu. Zako umezipima?

Kuna malalamiko pia upande wa wanaolipa, na mengine ni ya haki. Mwaka 2021 Resident Evil Village ilikuwa ikikwamakwama kwa wanunuzi halali huku iliyovunjwa ikiteleza, mpaka Capcom, wenye gemu hiyo, wakatoa marekebisho Julai. Mwezi Novemba mwaka huo Intel walipotoa prosesa zao za kizazi cha 12, walilazimika kutoa orodha ya gemu zaidi ya hamsini ambazo makufuli yake yaliichanganya prosesa moja na mashine mbili. Mtu kanunua kila kitu kwa risiti, gemu inamkatalia. Sitetei kampuni hizo. Lakini ukweli kwamba mwenye kufuli naye ana madhambi hauisafishi eksteno ya jamaa yako.

Haya, tuje kwenye antivirasi.

Nafanya kazi ya kompyuta hapa mjini, na kipindi wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dodoma (UDOM) wanapowasilisha tasnifu ndipo meza yangu inapojaa laptopu za aina moja. Mwenyewe anaifungua mbele yangu, hataki hata kukaa. Folda ya tasnifu ipo, majina ya sura yapo, lakini kila faili limeota mkia wa herufi nne zisizosomeka, na Word inagoma kulifungua. Katika kila folda kuna faili jipya linaloitwa _readme.txt. Ndani yake, kwa Kiingereza cha adabu kabisa: mafaili yako yote tumeyafunga, funguo ni dola 980, ukitutafuta ndani ya saa 72 tutakupunguzia iwe dola 490. Dola 490 ni zaidi ya shilingi milioni moja. Kirusi hicho wataalamu wanakiita STOP au Djvu, na njia yake kuu ya kusambaa ni hiyohiyo: gemu na programu za kraki, pamoja na vile vijiprogramu vya kuamsha Windows bila kulipa. Ukimuuliza mwenye laptopu, jibu ni moja. Siku mbili tatu nyuma aliweka gemu, ilimwambia azime antivirasi kwanza, akazima.

Kama limeshakukuta wewe au mtu wako, usikubali fundi akimbilie kufomati. Mafaili yaliyofungwa yanakiliwe yalivyo na kutunzwa. Kampuni ya Emsisoft ilitoa chombo cha bure cha kuyafungua mwezi Oktoba 2019, na kinasaidia aina za zamani nyingi. Kwa aina mpya kinasaidia pale tu kompyuta ilipofungwa ikiwa haina mtandao, kwa sababu hapo kirusi hutumia funguo moja kwa wahanga wengi, na funguo hiyo ikishapatikana inawafaa wote. Kompyuta ikiwa ilikuwa hewani, kila mhanga anakuwa na funguo yake, na hapo sina cha kumwambia mwanafunzi zaidi ya kumuuliza kama msimamizi wake ana nakala kwenye barua pepe.

Huyo wa kudai pesa angalau anajitambulisha. Kibaya zaidi kwa mwenye kibanda ni anayekaa kimya. Juni 2021 kampuni ya Avast ilitangaza kirusi walichokiita Crackonosh, kilichokuwa kimefichwa ndani ya nakala za kraki za gemu kama NBA 2K19, GTA V na Far Cry 5. Kilikuwa kimeingia kwenye kompyuta zaidi ya 222,000 duniani. Kazi yake ni kuchimba sarafu ya kidijitali inayoitwa Monero, prosesa yako ikipiga hesabu na faida ikienda kwa mwenye kirusi. Avast walikadiria wenyewe walishavuna zaidi ya dola milioni mbili. Kinavyojificha ndiko kunakonifanya nikitaje. Kinaiwasha kompyuta katika hali ya dharura ambamo walinzi wengi hawafanyi kazi, kinaifuta Windows Defender, antivirasi inayokuja na Windows yenyewe, kinazima masasisho ya Windows, kisha kinaweka pale chini karibu na saa alama ya ulinzi yenye tiki ya kijani. Unaangalia, unaona kijani, unalala usingizi.

Sasa piga hesabu ya kibanda. Kompyuta nne, prosesa zikiwa zimebanwa mchana kutwa hata pasipo mteja, feni zinavuma, na LUKU inashuka. Utadhani TANESCO wamepandisha bei kimyakimya. Utamlaumu mwenye nyumba. Kumbe unamnunulia mtu umeme asiyekujua hata jina.

Najua jamaa atakujibu nini: antivirasi hupigia kelele kraki yoyote, hata isiyo na kirusi. Hapo ana ukweli. Faili la kraki limebadilishwa kwa mkono na linaingilia programu nyingine, kwa hiyo hata likiwa safi linafanana na kirusi. Lakini tazama ukweli huo unakuacha wapi. Kengele inalia kwa mgeni na inalia kwa mwizi, na wewe umeshazoea kufungua mlango kila inapolia. Waandishi wa virusi hawahitaji kukudanganya zaidi ya hapo. Na gemu hiyo haikutoka kwa mvunjaji mpaka kwako moja kwa moja. Imepita kwa aliyeibana iwe ndogo, kwa mwenye tovuti, kwa mtu aliyeipakua, kwa eksteno kadhaa, ndipo ikafika Nkuhungu. Yeyote kati yao anaweza kuwa ameongeza lake. Jamaa yako anaweza kuwa mtu mwema kabisa, hata simfikirii vibaya, lakini hawezi kukudhaminia kitu asichokijua. Na ukiona kraki inakutaka uende mbali zaidi ya antivirasi, ukazime Secure Boot (ulinzi wa kompyuta inapowaka) au uruhusu dereva (programu zinazoingia ndani kabisa ya Windows) zisizo na sahihi, hapo umeombwa funguo za nyumba nzima. Kataa bila mjadala.

Kuhusu sheria. Mimi si mwanasheria, na ukitaka uhakika nenda ofisi za COSOTA, wasimamizi wa hakimiliki, ukaulize mwenyewe, hawang'ati. Ninachoweza kukuonyesha ni hiki: Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inalinda programu za kompyuta kama inavyolinda kitabu. Halafu Sheria ya Makosa ya Mtandao Na. 14 ya mwaka 2015, kifungu cha 24, inakataza kutumia kompyuta kuvunja haki za namna hiyo, na inatenganisha anayefanya kwa matumizi yake na anayefanya kibiashara. Wa kibiashara adhabu yake ni kubwa zaidi. Nusu saa kwa shilingi 500 ni biashara, hata kama kibanda ni cha mabati.

Vijana wenzako wanasema hakuna anayekamatwa. Sidhani kama Irdeto watapanda ndege kuja kukutafuta Nkuhungu. Wasiwasi wangu uko jirani zaidi: mwenye fremu mliyegombana kodi, mshindani wa mtaa wa pili, mzazi aliyekasirika mwanawe kakutwa kibandani saa za shule. Mtu akitaka kukufunga, umemwekea fimbo mlangoni. Na wateja wako wakianza kuwekeana dau kwenye mechi, hilo tena ni la Bodi ya Michezo ya Kubahatisha, usiliruhusu hata kwa utani.

Nisikufiche na upande wa pili, maana wengi wanaotoa ushauri huu huishia kusema "nunua halali" kana kwamba imekwisha. Gemu mpya kubwa inauzwa hadi dola 70. Kwa viwango vya sasa hiyo ni zaidi ya shilingi 170,000, yaani vipindi zaidi ya 340 vya nusu saa ili tu urudishe pesa ya gemu moja kwenye kompyuta moja. Na ukishalipa, leseni yenyewe inasema ni ya matumizi binafsi, si ya kukodisha kwa wateja. Mwenye kibanda anayenunua nakala moja kwa kadi pepe ya M-Pesa yake na kuiweka kwenye kompyuta nne amelipa pesa nyingi na bado hajawa halali. Juu ya hapo Denuvo huhesabu mashine unazoiamsha ndani ya siku moja, na ukizidisha inakufungia mpaka kesho yake. Kwa bei na masharti haya, gemu kubwa mpya haikutengenezwa kwa ajili ya kibanda cha Nkuhungu, iwe kwa kraki au kwa risiti. Ningekuwa wewe ningeiondoa kwenye mpango.

Kilichobaki ni kingi kuliko unavyodhani. Kwa mpira, eFootball ya Konami ni ya bure tangu Septemba 2021, mteja anaingia kwa akaunti yake mwenyewe na vikosi vinasasishwa. Rocket League, ule mpira wa magari, ni bure tangu Septemba 2020, na watu wakishaujua hawaachi kiti. Counter-Strike 2 na Dota 2 ni za bure, na Valve wana seva Johannesburg, kwa hiyo si lazima mchezo upite Ulaya kwanza. Valve hao hao, wenye Steam, wana mpango wa leseni kwa maduka ya kompyuta kama lako. Waandikie uone masharti kabla hujafungua. Zote hizi zinataka intaneti ya kueleweka, na kwa kompyuta nne bando la simu litakumaliza, hivyo ulizia kama waya wa faiba umefika mtaani kwenu kabla hujalipa kodi ya fremu.

Siku mtandao ukikatika, weka gemu za chanzo huria. SuperTuxKart ni mashindano ya magari ya pengwini na wenzake, watu kadhaa wanacheza skrini moja au kompyuta zote nne kwa waya bila intaneti yoyote. Xonotic ni ya kufyatuliana, inakwenda hata kwenye mashine iliyochoka. 0 A.D. ni ya kujenga dola na kupigana, na kati ya mataifa yake wamo Wakushi, wababe wa Nubia, kitu ambacho gemu nyingi za bei mbaya hazijawahi kukumbuka. Leseni zake zinakuruhusu kuzinakili na kuzitumia kibiashara bila kumwomba mtu. Nakubali kuna kijana atakayeingia, aangalie mbio za pengwini, acheke, atoke. Utampoteza huyo. Wadogo zake watabaki.

Kabla ya yote hayo, usiwashe biashara na Windows uliyoikuta kwenye mashine hizo nne. Zimepita mikononi mwa watu, na sitashangaa kama Windows yenyewe iliamshwa kwa kijiprogramu kilekile nilichokutajia. Futa diski zote, weka mfumo upya kutoka kwa aliyeutengeneza, uwe Windows ya leseni au Linux ya bure, kisha mtengenezee mteja akaunti isiyo na mamlaka ya kuweka programu. Na kama umeshafungua gemu yoyote ya eksteno kwenye kompyuta ambayo uliwahi kuingia barua pepe yako, badilisha nywila leo hii ukitumia simu, si hiyo kompyuta, na uwashe uthibitisho wa hatua mbili kabla hujaenda kulala.